Jumapili Kanisa Lilipotoka Mapema

Ozella Tidwell alikuwa amesimama nyuma ya kaunta ya duka la Barnhill kwa zaidi ya nusu ya umri wake. Kila Jumapili asubuhi alifunika friji ya bia kwa shuka la maua, kwa kuwa sheria ya jimbo ilikataza bia kuuzwa kabla ya saa sita mchana, saa ambayo watu wa Mungu hudhaniwa kuwa wamemaliza shughuli zao naye.

Upande wetu huu wa Mto Tennessee, hata hivyo, hakuna aliyetazama saa. Kanisa la Kibaptisti liko ng'ambo ya barabara, na shuka lilishushwa pale magari ya waumini yalipoanza kutoka uwanjani. Mchungaji Cagle hakuwahi kumaliza mahubiri kabla ya saa sita. Mji mzima ulikuwa umemgeuza saa ya ukutani, na pengine ndiyo kazi aliyoifanya vizuri zaidi.

Mzee Cletus Barnhill, mwenye duka, hakuwa na mtoto. Alikuwa amemwahidi Ozella kwamba mwaka ukiisha duka litakuwa lake. Kilichobaki ni leseni ya bia kuandikwa kwa jina lake; bila bia, chambo cha samaki na karanga za kuchemsha visingelitunza duka lile hata msimu mmoja. Ozella alikwishachagua rangi ya mlango.

Jumapili moja ya Oktoba mchungaji aliamka na koo bovu, akafupisha mahubiri. Wa kwanza kufika dukani, kwa mlango wa nyuma kama kawaida yake, alikuwa Shemasi Hoyt Pruitt. Huyu ndiye aliyesimama kila mwaka mbele ya baraza la kaunti kupinga saa za bia kuongezwa hata kidogo.

"Ozella, kipenzi, tumeachiwa. Toa shuka."

"Mbona mapema hivi, Shemasi?"

"Koo la mchungaji limekauka."

"Na lako je?"

"Usinichokoze, mama. Nifungie kwenye mfuko wa karatasi."

Ozella alichungulia dirishani, akaona magari yakitoka, akashusha shuka. Foleni ikajipanga. Mwanamke mmoja mgeni, mwenye kofia ya wavuvi, aliweka makopo yake juu ya kaunta, akalipa, akapokea chenji, kisha akatoa kitambulisho cha mkaguzi wa jimbo.

"Samahani, mama. Ulitazama saa?"

Shemasi alikuwa amekwishatoka kwa mlango ule ule alioingilia.

Siku chache kabla ya kamati ya leseni, ambayo Pruitt ni mjumbe wake, kukaa kuamua kosa lile na ombi la Ozella, shemasi alimfuata nyumbani akiwa na pai ya pikani, njugu tamu za miti ya kwetu, iliyookwa na mkewe.

"Usinitaje, Ozella. Ukinitaja sitaweza kukaa kwenye kiti kile, na ukinikosa pale nani atakutetea?"

"Utanitetea kweli, Hoyt?"

"Tumebatizwa kwenye mto mmoja, dada yangu."

Ozella akakubali. Nimejiuliza mara nyingi kama mimi, jirani yake niliyesoma vitabu vingi kuliko vilivyonifaa, ningemshauri tofauti. Sidhani. Pai ile niliila pia, na ilikuwa nzuri.

Kwenye kikao mwenyekiti alimuuliza nani alimwambia kuwa muda umefika.

"Niliona magari ya kanisani," Ozella alisema.

"Hakuna mtu aliyekwambia?"

"Hakuna, bwana."

Wajumbe wawili wakataka apewe onyo tu na leseni yake. Wawili wakakataa. Ikabaki kura ya Pruitt. Aliinamisha kichwa muda mrefu, kama mtu anayeomba, na nadhani kweli alikuwa anaomba. Hilo ndilo linaloniudhi zaidi. Kisha akasema kwamba anampenda Dada Ozella, lakini Siku ya Bwana haina mjomba wala shangazi. Leseni ikakataliwa.

Baadaye Pruitt alimkuta Ozella kwenye ngazi za jengo la mahakama, kikao kilipofanyika.

"Ningekukubalia, watu wangeuliza kwa nini. Unaelewa?"

"Naelewa, Hoyt. Naelewa vizuri sana."

Duka, likiwa bado na leseni ya mzee Barnhill, lilipata mnunuzi kutoka mji mwingine. Jumapili ya mwisho ya Ozella, foleni ilifika mlangoni, na saa sita ilikuwa imepita kwa yakini. Pruitt alijitokeza mlango wa nyuma, na safari hii Ozella alipaza sauti.

"Shemasi! Pita huku mbele! Hizi hapa bia zako, zile zile za kila Jumapili, tangu enzi za marehemu mama yako! Hata ile siku uliyoniambia nishushe shuka!"

Nilikuwapo, nimeshika mkate. Nilingoja minong'ono, aibu, hata kikohozi. Sikuona mtu aliyeshtuka. Mwanamke wa kwaya aliendelea kuchagua chipsi. Mchungaji Cagle mwenyewe, aliyesimama nyuma yangu na mfuko wa barafu, aliinua mkono.

"Hoyt, ukimaliza hapo nipitie, tuna nyama jikoni."

"Nakuja, mchungaji."

Shemasi akaja mbele, akachukua makopo yake bila mfuko wa karatasi, akalipa. Ozella alibaki ameshika noti. Mji mzima ulijua siku zote. Kile alichokificha mbele ya kamati hakikuwa siri. Hata mwenyekiti aliyemuuliza huenda alijua jibu kabla ya swali. Nikaweka mkate wangu juu ya kaunta.

"Na wewe unataka nini?" akaniuliza, kwa sauti ambayo sikuwahi kuisikia kwake.

"Mkate tu, Ozella."

"Chukua uende nao," akasema. "Nendeni wote."