Jina la Aliyepamba Ukuta

Mwanangu, kila nikikusikia unasema unataka kuwa mratibu wa maonyesho ya sanaa, namkumbuka Mwalimu Koku. Ipo siku ya ujana wangu aliposhuka kwenye bodaboda hapa kwetu Mabira, vumbi mpaka kwenye kope, na tangu hapo hajanitoka moyoni.

Koku alikuwa akiandika historia ya sanaa za huku, tena akiandaa maonyesho mjini Kayanga. Alisikia kwamba mama yangu, Daforoza, alipamba ukuta wa sebule kwa samadi ya ng'ombe na majivu, michoro ya pembepembe aliyofundishwa na mama yake kule Rwanda. Nyumba yenyewe ya udongo ilikuwa inangoja kubomolewa, maana kaka alishafyatua matofali ya nyumba mpya. Mama kusikia anakuja msomi, akatundika vitenge ukuta mzima. Aliona haya, jamani. Mgeni aonyeshwe samadi?

Koku akatuamkia, akanywa uji, akaomba kuona.

"Hakuna kitu hapo, mwanangu," mama akasema. "Ni uchafu wa kizamani tu."

Mwingine angenyanyua pindo achungulie. Hata mimi mkono ulikuwa unaniwasha. Koku akanitazama, akatikisa kichwa, kisha akamwambia mama, "Ukuta ni wako, mama. Ukitaka niuone, utafunua mwenyewe."

Akatufuata shambani kuchuma kahawa. Alichuma vibaya huyo! Mbichi na mbivu zote kikapuni, mama akacheka mpaka akakaa chini. Wiki iliyofuata akarudi, tukaenda naye tena shambani, na habari za ukuta hakuuliza. Aliuliza habari za bibi. Tuliporudi nyumbani mama akaondoa vitenge bila kuombwa.

Ukuta ule haukuweza kuokolewa, na Koku hakumdanganya mama kwamba ungepona. Aliupiga picha, akaleta mbao, na mama akairudia michoro yake yote juu ya mbao hizo kabla nyumba haijabomolewa. Nilimpenda kwa hilo.

Siku ya maonyesho, mwenzake mmoja alikuwa amebandika kikaratasi chini ya kazi ya mama: "Sanaa ya asili." Koku akakisoma, akauliza kwa upole, "Huyu Asili ni mtoto wa nani? Anakaa kitongoji gani?" Watu wakacheka, na aliyekiandika naye akacheka. Kikaandikwa kingine.

Mama hakujua kusoma, akaniita nimsomee. Nikasoma: "Daforoza, wa Mabira. Alifundishwa na mama yake, Kankindi."

Akasogea karibu na kikaratasi. Bibi alifia njiani walipokuwa wanakimbia kutoka Rwanda, na kaburi lake hatulijui mpaka leo.

"Soma tena," mama akasema. "Hapo pa mama."

Nikasoma tena na tena, mpaka sauti ikanikauka.

Basi mwanangu, ukiishika kazi hiyo, usifunue kitu ambacho mwenyewe hajakufunulia. Kabla hujauliza kitu ni nini, uliza ni cha nani, na huyo alifundishwa na nani. Ukishajua, andika jina lake wazi, kwa herufi za kusomeka, kwa sababu yupo mtu atakayeomba asomewe.

Mungu akupe macho ya Koku na subira yake. Akubariki katika kila ukuta utakaosimama mbele yake, na siku jina lako litakapoandikwa, liandikwe pamoja na la aliyekufundisha.