Mwisho Ambao Kanda Haikuwa Nao

Sisi tuliokulia Mabawe enzi zile, filamu kwetu ilinukia kahawa. Ilionyeshwa Jumapili baada ya misa, ndani ya ghala la kahawa la Mzee Baltazari, mtu pekee kijijini mwenye jenereta na deki ya video. Madirisha yalizibwa kwa magunia. Kiingilio kilikuwa kibakuli cha maharage, na watoto tulikaa chini, mbele kabisa, shingo juu kama vifaranga wanaosubiri kulishwa.

Kanda zote zilikuwa za kunakili, nakala ya nakala, hata nyuso za watu zilionekana kama zimenyeshewa. Hakuna aliyejiuliza mwenye filamu anapata nini. Mimi hata sikujua kwamba filamu ina mwenyewe. Aliyenakili naye alibana matumizi: filamu ndefu aliiingiza kwenye kanda fupi, ikakatika kabla ya mwisho. Hapo wote walinigeukia mimi, mwanafunzi wa sekondari, niliyewatafsiria kwa Kihangaza, lugha yetu.

"Haya msomi, ikawaje?"

Nami, kwa Kiingereza changu cha kuokoteza, nilitunga mwisho, watu wakaenda zao wameridhika.

Jumapili moja ilikuwa filamu ya mama anayemtafuta mwanawe. Mama yangu alikuwepo. Kaka yangu Deogratias alikuwa amekwenda Uganda kutafuta kazi, na habari zake zilikuwa zimekatika. Kanda ikaishia yule mama akiwa kituo cha mabasi.

"Alimpata?" mama aliniuliza taratibu.

Nikasema alimpata. Jioni ile alianza tena kumpakulia kaka chakula. Kaka hajarudi mpaka leo, na uongo ule umenikaba miaka yote. Niliona kama ni mimi niliyemweka mama mlangoni akingoja.

Mwaka huu mjukuu wangu Leokadia, ambaye hulipia filamu kwenye simu yake kila mwezi, aliitafuta ile filamu niliyomsimulia akaipata, safi na nzima.

"Babu, leo tutajua kama ulifaulu Kiingereza."

Nilitamani kumzuia. Mama haoni vizuri siku hizi, kwa hiyo tulimsogeza karibu na simu, Leokadia akamtafsiria. Yule mama wa kwenye filamu hakumpata mwanawe. Alirudi nyumbani, akawasha moto, akapika.

"Mama, nisamehe," nilisema.

"Kwa lipi? Nilijua siku ile ile kwamba umetunga. Ulikuwa unaniangalia mimi, si televisheni." Akacheka kidogo. "Nikaona, basi, huyu mwanangu ninaye."

Vijana wa leo wana bahati, nami nashukuru kwa niaba yao. Filamu inafika mwisho, na aliyeitengeneza anapata malipo ya jasho lake. Lakini wakichoka kidogo tu wanairukisha mbele, kila mmoja na simu yake, masikio yamezibwa, hata ukiita chakula hawasikii. Sisi kanda ilipokatika, tulibaki kutazamana usoni.