Vikombe vya Jumanne

Mtembeza wageni kwa baiskeli kule Bagan, mji wa mahekalu ya kale, hana haraka hata siku moja. Hukanyaga pedali kwa visigino, ndara amezitundika kwenye usukani, maana kila hekalu huingiwa miguu mitupu. Mgeni akimpita humwambia kwa sauti yake ya pole, "Taratibu, mama. Hekalu lina miaka mia tisa, litakimbilia wapi?" Daw Hla Yin, muuza maua wa langoni, ameyasikia hayo mpaka siku hizi huyasema pamoja naye, wakacheka wote wawili.

Wageni wakiingia kupiga picha, yeye hwenda kona ya Jumanne, penye simba wa jiwe; hekaluni kila siku ya juma ina kona yake, ya waliozaliwa siku hiyo. Jumanne ndiyo siku aliyozaliwa mwanawe, yule aliyevuka mpaka kutafuta kazi, na huu mwaka wa nne hajaleta hata salamu. Humwagia sanamu maji kwa niaba yake, kikombe kwa kila mwaka wa umri, na kimoja cha mwaka unaokuja. Daw Hla Yin huhesabu naye kimoyomoyo huku akifunga maua. Jana kijana alitimiza ishirini na tatu. Baba alimwaga polepole, mkono wa kushoto umeshika kiwiko cha kulia kwa adabu, mpaka cha ishirini na tatu. Kisha akakifuta kikombe kwa pindo la shuka yake, akakifudikiza.

"Bado kimoja, kaka," Daw Hla Yin alimwambia.

"Wageni wananingoja, dada," akasema, akaenda kuishika baiskeli yake. Wageni walikuwa bado wako ndani.