Mzigo na Mizigo

Lile neno maktaba ndilo lililonichanganya kwanza. Mie na darasa langu la saba nilijua maktaba ni nyumba ya vitabu. Pale ofisini kwetu Kurasini, kwa mawakala wa kutoa mizigo bandarini, maktaba ilikuwa faili moja ndani ya kompyuta. Fundi wetu, kijana wa Iringa aliyeandika programu za ofisi, ndiye aliyenieleza. Kabla programu haijaanza kutumika, kuna programu nyingine inaisoma mstari kwa mstari bila kuiendesha, kama mwalimu anavyosahihisha insha. Hiyo tuliiita mkaguzi. Wakaguzi walikuwa wawili, mmoja wa programu za nyaraka, mwingine wa za ghala, na wote walichukua majina na kanuni humo humo maktabani.

"Kwa hiyo maktaba ikiharibika, wote wamepotea?" nikamuuliza.

"Umepata, dada. Ndiyo maana hailali mbali na mie." Akagonga mfuko wa shati, palipokuwa na diski.

Sikuipenda ile diski. Kitu cha ofisi kinafanya nini mfukoni mwa mtu? Mie nilikuwa mpiga chapa tu, kazi yangu kuingiza alichoandika kwa mkono, lakini macho ninayo. Nikaanza kuandika kwenye daftari langu: Jumanne, kabaki peke yake wenzie walipokwenda kula. Jumatano, kabaki tena, kaingiza diski, kaitoa, kaniona, kanyamaza. Haki yake niiseme: Jumatano hiyo hiyo alinigawia nusu ya chapati yake, na hilo nililiandika pia.

Alhamisi asubuhi wakaguzi wote wawili waligoma. Printa ikatema karatasi mpaka sakafuni, kila mstari unasema jina halijulikani. Na bosi alishaweka sheria: programu isiyopita kwa mkaguzi haitumiki. Ile mpya ya nyaraka ilikuwa ianze Jumatatu.

Bosi akaingia. Fundi akamwamkia, "Shikamoo mzee." Hakuitikiwa.

"Wale mawakala wa jirani wamekununua?"

"Mzee, mie wa kununuliwa? Hata viatu hivi nimeazima."

"Usinichekeshe. Mpaka saa nane uniambie nani kaharibu. Ukishindwa, ni wewe, na kibarua kimeisha." Akanigeukia. "Na wewe unakaa naye chumba kimoja. Umeona nini?"

Nikasema anabaki peke yake mchana. Nikasema diski. Ni kweli niliyaona. Chapati sikuitaja.

Bosi alipotoka, fundi aliniangalia mara moja tu, akatoa diski. "Humu mna nakala ya maktaba. Naichukuaga kila mchana, watu wakitoka, faili ikiwa haina mtu." Akaichapisha ile nakala ya jana mchana, akanipa karatasi nimsomee, yeye akifuata ya leo kwenye kioo cha kompyuta.

Nikasoma. Mteja. Ghala. Mzigo.

"Ngoja," akasema. "Huku kuna mizigo."

Nikaishusha karatasi. Jumatano jioni, nikiingiza majina mapya maktabani, nililiona hilo neno nikajiambia: makontena yote yale, mzigo mmoja? Huyu mtu wa bara kajisahau. Nikamsahihishia. Shuleni Kiswahili nilikuwaga wa kwanza. Labda wa pili, kuna mwenzangu mmoja simkumbuki vizuri. Programu zote ziliandikwa mzigo. Wakaguzi wakalitafuta maktabani, hawakulikuta.

"Ni mie," nikamwambia.

Akacheka kidogo, si kwa furaha. "Kiswahili chako hakina kosa, dada. Ila mashine haina umoja na wingi. Kwake hivyo ni vitu viwili."

Ilikuwa saa saba na nusu. Angeweza kunitangulia kwa bosi, hakwenda. Hilo nalo lilinitia wasiwasi: ananipima, au ananionea huruma? Sijui mpaka leo. Nikachukua daftari, nikabisha mlango wa bosi.

"Mzee, aliyeharibu ni mie. Nimesahihisha kisichosahihishwa."

"Kwa hiyo fundi hajanunuliwa?"

"Hajanunuliwa, mzee. Na juzi, sijui, jana, alinigawia chapati."

"Chapati imeingiaje hapa?"

"Asubuhi uliponiuliza niliiacha," nikasema.