Binamu Aliyechekesha Nchi

Mchekeshaji nilikuwa mimi. Nalisema hili mapema kwa sababu waliobaki wa kulithibitisha ni wachache: mume wangu, aliyekuwapo, na mama mmoja wa kule Mtae ambaye siku moja alinicheka mpaka akakaa chini katikati ya barabara. Wengine wote wanamjua binamu yangu. Ukitaja vichekesho, wanamtaja yeye. Ukitaja sinema, yeye tena.

Alikuwa mtoto wa shangazi yangu, dada yake baba, aliyeolewa kwa Waislamu ng'ambo ya bonde. Sisi tulikuwa Walutheri. Nilimzidi mwaka mmoja, kwa hiyo aliniita dada, lakini kwa mila zetu mtoto wa shangazi na mtoto wa mjomba ni watani, na tulitaniana tangu tulipoanza kusema. Mimi niliweza kumwigiza yeyote: mchungaji anayetafuta miwani aliyoivaa, muuza mapeasi anayemkatalia mteja kwa nyusi peke yake. Binamu hakuweza kitu. Alikuwa mrefu, mwenye uso mrefu, mzito wa maneno, na ukimwambia atabasamu alifanana na mtu anayeumwa jino.

Miaka michache baada ya Uhuru nilipata kazi ya ualimu katika shule ya msingi ya kijijini kwetu, juu ya Lushoto. Yeye alilima kabichi na karoti. Siku hizo kila sherehe ilitaka ngoma, ngonjera na mchezo wa kuigiza, na mwalimu mkuu akanitaka nitunge kitu kuhusu kilimo cha matuta. Jambo hilo lilikuwa na uzito wake. Wakoloni waliwalazimisha wazazi wetu kuchimba matuta, wazazi wakagoma, na sasa serikali yetu wenyewe ilikuwa inayataka yale yale. Nikaona humo mna kicheko.

Nilijifunga mto mgongoni, nikajitanda kanga mbili kuukuu, nikawa bibi kizee kiziwi. Binamu nikampa kaptura pana na kofia ngumu ya kikoloni, awe bwana shamba.

"Bibi," anasema, "nimekuja kwa habari ya matuta."

"Mafuta? Ingia, mwanangu, taa yangu ina siku tatu haijawaka."

"Matuta, bibi! Halafu utie mbolea."

"Naolewa?" Hapo nanyoosha mgongo na kutengeneza kilemba. "Na nani, mwanangu, katika umri huu?"

Watu walishika mbavu. Wazee waliokuwa wamekaa na mikongojo yao, watu waliowahi kulala mahabusu kwa ajili ya matuta hayo, walicheka mpaka machozi. Tukaanza kualikwa kijiji hadi kijiji. Tulipanda malori ya mboga yaliyokuwa yakirudi matupu, tukafika mpaka Mtae, ambako upepo ulinivua kilemba na nikaufokea upepo kana kwamba ni mkwe wangu. Kicheko chote kilikuwa changu. Yeye alisimama tu kama nguzo ya kufungia mbuzi, mimi nikamzunguka. Nilimpenda sana wakati huo. Ni rahisi kumpenda mtu ambaye hajakupita.

Kisha wakaja watu wa sinema wa serikali. Walikuwa watatu, na kamera ya miguu mitatu iliyobebwa kama mgonjwa. Walitaka kutengeneza picha ya kuwafundisha wakulima, na ofisa wa wilaya alikuwa amewaambia habari zetu. Walituweka kwenye shamba la binamu asubuhi moja ya jua zuri. Kijiji kizima kilikuja kutazama. Mkubwa wao akawageukia watu.

"Ndugu zangu, hapa hakuna kucheka wala kukohoa. Mashine hii inasikia kila kitu."

Nikaanza. Nikasema mafuta, kimya. Nikasema naolewa, kimya. Niliwaona majirani zangu wamejiziba midomo kwa viganja, mabega yakiwatetemeka, lakini sikusikia kitu, na bila kusikia kitu nilikuwa kama mtu anayeshuka ngazi akakosa kipandio. Nikapaza sauti. Nikatoa ulimi. Nikajiangusha kwenye kabichi. Wakaturudisha mara nne, na kila mara nilizidi kuharibu.

Kwa upande wa binamu, alifanya kile alichokifanya siku zote: alisimama. Nilipojiangusha kwenye kabichi zake aliinama polepole, akaokota moja iliyovunjika, akaitazama, akanitazama mimi, akaitazama tena. Basi. Yule bwana wa kamera hakuondoa jicho lake kwenye mashine. Mwishowe alisema bila kunigeukia, "Mama apumzike kidogo. Huyu bwana abaki peke yake."

Nilipumzika. Nilikaa kwenye tuta, mto ukiwa bado mgongoni, nikawaangalia wakimpiga picha binamu yangu akitazama kabichi. Hapo ndipo ulipoanza. Ni ugonjwa ambao nimeishi nao miaka mingi kuliko baridi yabisi, na sitautafutia jina zuri.

Haikupita miezi sita akaitwa Dar es Salaam. Wakamweka redioni, kipindi cha Jumapili mchana, na humo akawa mzee wa milimani asiyeharakishwa na mtu. Duka la karibu na shule lilikuwa na redio, na watu walijaa hapo baada ya ibada. Alisema maneno matatu, akanyamaza, na katika kule kunyamaza nchi nzima ilicheka. Siku moja nilisikia mle kisandukuni mwanamke fulani wa mjini akisema, "Naolewa? Na nani, katika umri huu?" Watu wote dukani walinigeukia kwa furaha, kana kwamba nimepewa zawadi.

"Mwalimu, si ni yale yenu!"

"Ni yetu," nilijibu, nikanunua chumvi ambayo sikuihitaji.

Kesho yake mtoto wa darasa la tatu akaniigizia mstari ule. Nilimwuliza ameutoa wapi. Akasema, "Kwenye redio, mwalimu." Alikuwa hata hajaanza shule nilipousema mara ya kwanza.

Binamu hakunisahau, na hilo ndilo lililonizidishia. Angenisahau ningemchukia kwa raha. Aliandika barua. Alipopelekwa Japani mwaka mzima kusomea utengenezaji wa sinema, aliniletea picha ya mlima wenye theluji, na nyuma yake maneno yamebanwa: "Dada, huku wachekeshaji husimama wawili wawili. Mmoja husema upuuzi, mwenzake humkemea, na watu hawachoki kuwasikiliza. Niliwaona jana nikakukumbuka mpaka nikaacha kucheka." Mume wangu aliibandika ile picha ukutani, juu ya meza ya kulia chakula. Nikaigeuza mlima uelekee ukutani. Akaigeuza tena. Mwishowe alisema, "Mwalimu, mlima huo umekukosea nini?" Sikuweza kumwambia kwamba nawaonea wivu watu wawili wa Japani ambao sijui hata sura zao.

Aliporudi, vijiji vya ujamaa vilikuwa vimepamba moto. Hata huku kwetu, ambako nyumba zilikuwa zimetawanyika kila kilima, watu walikuwa wakiambiwa washuke wajenge karibu na barabara. Nami nilikuwa nimechaguliwa katibu wa kijiji kwa sababu mwandiko wangu ulisomeka. Binamu alikuja na gari la serikali, kamera na vijana wanne wa mjini, akaomba kutengeneza sinema yake ya kwanza kijijini kwetu. Alitaka nyumba zetu, njia zetu na watu wetu. Usiku wa kuamkia mkutano wa wazee wa kumjibu alikula kwangu, akanisifia makande, akanieleza hadithi yake ya mzee asiyetaka kuhama, nusunusu, kwa kuwa alikuwa bado mzito wa maneno.

"Na kuna mama mmoja ndani yake," alisema. "Nimemwandika nikikufikiria wewe."

"Mbele ya mashine ile?"

"Safari hii watu watacheka, dada. Nitawaruhusu."

Alikuwa amekumbuka kila kitu, hata sababu ya kushindwa kwangu, na alikuja na dawa yake. Ilinipasa kushukuru. Badala yake nililala nikihesabu wote watakaosema: amemsaidia dada yake, masikini.

Asubuhi, wazee walikuwa tayari kumkubalia. Mwenyekiti aliniuliza kama katibu ana neno. Nikasimama. Nilijua kusema mbele ya watu, hilo sikuwahi kulipoteza.

"Wazee wangu, shikamooni. Huyu ni ndugu yangu na nampenda. Lakini tujiulize, sinema hii ni ya nani? Ni ya mjini. Watakaa kule kwenye viti vyao waone mzee wa kwetu asiyetaka kuhama, watucheke. Wataona miguu yetu ina tope. Na wakubwa wakiiona watasema kijiji hiki kinapinga siasa ya nchi. Nani atajibu? Si yeye. Yeye atakuwa Dar es Salaam."

Hakuna neno humo ambalo halikuweza kuwa kweli. Ndiyo maana lilifanya kazi. Wazee waligunaguna, wakaogopa, wakakataa. Binamu alikuwa amekaa kwenye benchi la mwisho, kofia mapajani. Alinitazama kwa namna ile alivyoitazama kabichi. Kisha akasimama, akawaamkia wazee mmoja mmoja kwa kuwashika mikono, akaondoka. Jioni tulisikia amevuka kwenda kijiji cha Bungu, na Bungu walimchinjia mbuzi.

Sinema ikaja Lushoto mwaka uliofuata. Ilionyeshwa Jumamosi mchana katika ukumbi uliozibwa madirisha kwa mablanketi na magunia, na watu walikaa mpaka sakafuni. Nilikwenda nikiwa nimejiandaa. Nilitaka niuone wizi. Nilikuwa tayari kuhesabu kila utani wangu na kumnong'oneza mume wangu, huo wangu, huo nao wangu.

Haukuwapo hata mmoja.

Binamu mwenyewe alikuwa mzee anayeambiwa ahamie kijiji kipya. Wanamwambia achukue anachotaka. Anaizunguka nyumba yake, anafikiri, kisha anang'oa mlango, anaubeba mgongoni na kuondoka nao. Anavuka nao vilima. Akichoka anausimamisha njiani na kukaa nyuma yake, na watu wanaopita, badala ya kumzunguka, wanabisha hodi. Anawajibu karibu. Wanaingia, wanakaa naye kwenye majani, wanaulizana habari za nyumbani. Hata bwana mkubwa wa wilaya aliyetumwa kumfokea anafika pale akiwa na hasira, anasimama mbele ya mlango, anavua kofia, na kubisha.

Nafasi niliyoandikiwa mimi aliicheza mama wa Bungu, mnene, asiye na mafunzo yoyote. Anafika mlangoni, anabisha, haitikiwi, kwa kuwa mzee amelala. Anachungulia pembeni, anamwona vizuri kabisa, anarudi mbele ya mlango na kusema kwa uchungu, "Hayupo." Nikacheka. Kicheko kilitoka chenyewe, kwa sauti kubwa mpaka mtu wa mbele akageuka. Nilicheka mpaka nikamshika mume wangu mkono, na nilipokuwa bado nacheka nikaanza kulia, maana nisingeweza kuutunga ule mlango. Ningekaa miaka mia na mto mgongoni, nisingeutunga. Miaka yote nilikuwa nimejiambia amechukua changu, na hilo lilinifariji. Sasa nilinyang'anywa hata faraja hiyo.

Kule nje watu wa kijijini kwetu walikuwa wakitajiana majina ya watu wa Bungu waliowaona kwenye picha. "Na sisi tungeonekana," alisema mmoja. "Hivi nani alikataa?" Mwenyekiti alinitazama, akatazama viatu vyake. Nilifungua mwavuli japo mvua haikuwa imeanza.

Tulikutana tena miaka miwili baadaye, kwenye arobaini ya shangazi. Nilikuwa jikoni nyuma ya nyumba na wanawake wengine, nachambua mchele, alipokuja na kuvuta kigoda karibu nami. Alikuwa na mvi masikioni. Wanawake walimwangalia kwa soni, kama mtu aliyetoka kwenye noti, wakajisogeza tuwe na nafasi.

"Dada, shikamoo."

"Marahaba. Pole kwa mama."

"Tumeshapoa." Alinyamaza, na najua kunyamaza kwake kulivyo. "Ulinikatalia kijiji."

"Nilikukatalia."

"Kwa ajili ya wazee?"

Nilikuwa na hotuba yote tayari, ile ya tope na siasa ya nchi. Lakini mikono ilikuwa kwenye ungo, na mimi sijui kuhutubu bila mikono. Nikasema, "Kwa wivu."

Hakushangaa. Aliokota jiwe moja kwenye ungo akalitupa.

"Mimi nilikuonea wewe," alisema. "Miaka ile ya malori. Ulikuwa ukifungua mdomo watu wanaanguka, na mimi nimesimama na kaptura ya watu. Nilikuwa naomba Mungu upate mafua."

"Uliomba?"

"Kila safari. Mtae niliomba sana."

Mmoja wa wanawake akakohoa ili asicheke msibani. Na mimi nikadhani ndiyo nimepona ule ugonjwa wangu, mpaka nikamwona anaingiza mkono mfukoni, anatoa kijidaftari na kalamu.

"Unaandika nini?"

"Mafua," alisema. "Mtu anayemwombea mwenzake mafua. Ni nzuri, siyo?"

Ilikuwa nzuri sana. Niliisikia ikiota miguu papo hapo: mwombaji mwenyewe ndiye anayepiga chafya. Nilikuwa na mstari wa kwanza, na wa pili, na nilijua nani angesema nini. Nikainama kwenye ungo nikaendelea kutoa mawe kwenye mchele, sikumwambia.