Mabati ya Kampuni ya Sigara

Jumatatu, Machi 1969. Mvua ya mawe ilianza saa tisa, ikatoboa paa la nyasi la kanisa letu.

Kampuni ya sigara imetuahidi mabati ya bure, mradi jina lake lichorwe ukutani. Mimi karani wa kanisa ndiye wa kujibu. Kusema haki, bwana waliyemtuma alikuwa mpole. Tena mimi mwenyewe nanusa tumbaku kwa siri. Nimkatalie kwa mdomo gani?

Kina mama waliokuja kufagia maji wakaniambia, "Baba, andika hapana. Nyasi tutakata wenyewe. Na hiyo ya puani mwako tunaijua!" Wakacheka mpaka nami nikacheka.

Nikaandika hapana, roho ikatulia. Jioni tulikula ugali wa wimbi na mboga za chinsaga.