Kofi la Ronnat

Ronnat alikuwa na mkono mwepesi, na sisi tulioishi upande wa pili wa kinamasi tulilijua hilo tangu Conaing hajamwoa. Aliwahi kumtandika kondoo dume ngumi ya pua mbele ya wageni, kondoo akakaa chini kufikiri. Siagi yake ilikuwa nzuri kuliko ya mtu yeyote bondeni, na ulimi wake ulikuwa mchungu vilevile. Watu walikwenda kuomba siagi, wakarudi nayo pamoja na matusi, na wiki iliyofuata walikwenda tena. Kwa hiyo Conaing alipotangaza kwamba analeta mke wa pili, hakuna aliyeuliza bibi arusi ni nani. Tuliuliza anakuja lini.

Sheria yetu iko wazi. Mke mkubwa akiletewa mwenzake, ana siku tatu za kumfanya apendavyo, ilimradi asimuue. Mke mdogo naye ameruhusiwa kucha, nywele na mdomo. Jua la siku ya tatu likizama nyuma ya kilima, mchezo umekwisha, na kila kofi baada ya hapo lina fidia yake.

Conaing alisema anataka mtoto wa kiume, kwa kuwa Ronnat alimzalia mabinti wawili na wote walishaolewa. Uongo mtupu. Alichotaka ni kusemwa. Alikuwa mtu wa ng'ombe wa wastani na ndevu za wastani. Hajawahi kurudi na hata fahali mmoja kutoka kwenye uvamizi wa kupora ng'ombe, na hakuna mshairi aliyepoteza pumzi kumtungia mstari. Wanawake wawili kung'oana nywele kwa ajili yake, hiyo ndiyo ingekuwa sifa yake ya kwanza duniani. Alipika pombe ya shayiri, akachinja nguruwe, akapanga mabenchi mbele ya mlango wa nyumba, na akajaribu kukaa kwenye kila moja ili ajue ni lipi linaonyesha ndani vizuri.

Ronnat alimwona akifanya hivyo. Alikuwa amejiandaa kupiga. Kofi lilikuwa limeshaiva mkononi. Lakini alipomwona mumewe akihama kutoka benchi hadi benchi huku akipiga mluzi, alibadili shauri palepale. Kwetu mtu hupigana na mke mwenzake. Mjakazi aliyeletwa kusaga nafaka hapigwi, anaonyeshwa tu jiwe la kusagia. Kama Ronnat asingemgusa msichana yule, basi Conaing alikuwa amechinja nguruwe kumkaribisha mjakazi, na bonde zima lingemcheka hadi afe. Alichohitaji ni kuzuia mkono wake mpaka jua la siku ya tatu lizame.

Ligach alikuja kutoka ng'ambo ya mto, msichana mrefu, mabega kama ya mpiga makasia. Alikuwa tayari. Nywele alizisuka na kuzipaka mafuta ya nguruwe ili ziteleze mkononi mwa adui, na kucha alizinoa. Alisimama mlangoni, watu wamejaa nyuma yake na vikombe mikononi.

"Nimekuja," alisema.

Ronnat alikuwa akisukasuka maziwa. Hakuinua kichwa. "Nimeona. Uji umo chunguni, kama panya hawajakutangulia."

Watu walingoja. Pombe ikashuka kwenye pipa. Mama yake Conaing, bibi kizee Derbail, alijikokota hadi kwa mkwewe akamnong'oneza kwa sauti ambayo hata mbwa aliisikia. "Mwanangu, unaumwa?"

"Siumwi, mama."

"Basi mkono una nini?"

"Mkono una siagi, mama."

Kesho yake Ligach alikwenda kisimani. Wanawake walimtazama usoni, shavu hili, kisha lile. "Mbona mzima?" mmoja aliuliza. Mwingine alimwekea ndoo miguuni. "Ukimaliza kuchota yako, binti, nichotee na mimi." Alirudi nyumbani amewiva kwa hasira, maana sasa alikuwa ameelewa anachofanyiwa.

Akaanza uchokozi. Alikalia kigoda cha Ronnat. Akamwaga maziwa ya asubuhi kwa kisigino, taratibu, akimtazama machoni.

"Siagi yako ina nywele, dada."

"Usiile."

"Conaing ameniambia unakoroma."

"Kweli kabisa. Na tangu ahamie kitandani kwako nakoroma vizuri zaidi."

Nje wanaume walicheka, na hawakucheka upande wa Conaing. Mhunzi alimpiga mgongoni akamwambia, "Ndugu yangu, hawa wake zako wanagombania nini hasa? Nani asilale na wewe?" Conaing aliingia ndani uso umemvimba.

"Ronnat, unaniaibisha."

"Mimi? Mimi nimekaa tu, bwana."

Alikaa, ndiyo, lakini msidhani ilikuwa rahisi. Kila Ligach alipopita na lile tabasamu lake, Ronnat alificha ngumi chini ya shali na kuikaza. Usiku hakukoroma hata mara moja. Alilala macho wazi akisikiliza upande wa pili wa pazia, akijiambia kwamba hajali, akajiambia tena.

Siku ya tatu, jua likiwa limeshaanza kugusa kilima, watu walirudi hata bila pombe. Ligach aliwangoja wajae mlangoni. Kisha alichukua mkasi wa kunyolea kondoo, akaiendea mashine ya kufumia iliyosimama ukutani. Pale lilikuwapo blanketi ambalo Ronnat alilifuma majira yote ya baridi, kwa ajili ya mjukuu wake wa kwanza, mtoto ambaye alikuwa bado hajazaliwa. Ligach akazikata nyuzi zilizosimama, fungu moja baada ya jingine. Vile vizito vya udongo vinavyozivuta nyuzi vilianguka sakafuni, ko, ko, ko.

Ronnat alisimama.

"Sufu ipo nyingine," alisema.

Umati uliguna. Mtu mmoja alianza kwenda zake. Conaing alitazama chini kama aliyepoteza kitu majanini, na Ligach alibaki amesimama, mkasi ungali mkononi. Alijua kuwa kesho atapewa jiwe la kusagia na hakuna atakayeshangaa.

Ndipo alipoona sufu nyeupe miguuni mwa Ronnat. Ilikuwa na tone jekundu. Likaanguka jingine.

Ligach alitupa mkasi, akamshika Ronnat kifundo cha mkono, akakivuta kutoka chini ya shali, na kumfungua vidole kimoja kimoja. Kucha zilikuwa zimezama kiganjani. Chini ya majeraha mabichi yalikuwapo mengine ya jana, na chini ya hayo, ya juzi. Akamburuta hadi mlangoni, akauinua mkono ule kwenye mwanga uliobaki.

"Tazameni," alisema. "Mjakazi ndiye huchukiwa hivi?"

Sote tuliona. Ronnat naye aliona kwamba tumeona, na aibu ile ilimchoma kuliko kucha, maana mtu asiyejali hatoki damu, na pale hapakuwa na mtu aliyehitaji kuelezwa ilikuwa kwa ajili ya nani. Kwenye benchi lake, Conaing aliinua uso. Akaanza kutabasamu.

Kipande cha jua kilikuwa bado juu ya kilima. Ronnat akapiga.

Lilikuwa kofi la siku tatu. Ligach alikwenda chini kwa magoti, kiganja cha damu kimechorwa shavuni. Akainuka, akampitishia Ronnat kucha kutoka sikioni hadi kidevuni, kama sheria inavyomruhusu, kisha jua likazama. Conaing alikuwa akipigwa mgongoni na kila mtu, na alicheka kama mtoto. Sijawahi kumchukia mtu kama nilivyomchukia yeye jioni ile.

Ligach hakujifuta. Alichukua ndoo kwenda kukamua, na mlangoni akageuka.

"Kesho nitakufungia nyuzi zako, dada."

"Ziguse nikuvunje vidole."

"Kesho ni fidia."

"Nitalipa."

Na alilipa. Hata majira ya joto hayajaisha alikuwa ameshatoa mtamba mmoja wa fidia, mwekundu, mwenye pembe fupi. Ligach alimfunga mbele ya zizi, akampa jina, na tangu mtamba yule alipozaa, kila jioni kwa miaka mingi bonde zima lilimsikia akiita kwa sauti yake ya ng'ambo ya mto: "Ronnat! Njoo ukamuliwe."